Samaki wa tangini wakiota madoa meupe: kosa nililofanya nikiwa Mombasa

"Mjomba, samaki wangu ni kama wamemwagiwa chumvi."

Ndivyo alivyonianza mpwa wangu kwa simu, jioni moja ya Julai mwaka juzi, yeye akiwa Makutano, mjini Meru, nami nikiwa barazani kwangu Mombasa. Dadangu ameolewa huko bara miaka mingi. Mwanawe wa pili, aliyekuwa na miaka kumi na mitatu wakati huo, alikuwa amenunuliwa tangi la kioo na samaki wa dhahabu wanane. Wiki mbili kabla ya simu hiyo aliongezewa wanne wengine, waliosafiri kutoka Nairobi ndani ya mfuko wa plastiki na kumiminwa tangini siku hiyo hiyo.

Bahati mbaya, nilikuwa na jibu tayari. Nimefuga samaki wa mapambo tangu nilipoanza kazi, na madoa meupe nimeyaona mara mbili tatu. Nikamwambia kwa sauti ya mjuzi: kanunue yale matone ya kijani ya madoa, tia siku tatu, badilisha maji, umemaliza. Mimi hufanya hivyo na samaki wangu hupona.

Siku ya tano akapiga tena. "Mjomba, wamepona! Hawana hata doa moja." Tukashukuru. Dadangu, ambaye tangu mwanzo alisema hilo ni jicho la mgeni mmoja aliyewasifu sana wale samaki bila kusema mashallah, akanyamaza. Baada ya siku kumi na moja simu ikalia alfajiri. Madoa yamerudi, safari hii kuanzia mkiani hadi machoni, na wawili walikuwa wamekufa usiku. Kufikia mwisho wa wiki hiyo walikuwa wamekufa tisa kati ya kumi na wawili.

Nilipanda basi kwenda Meru. Watu wangu walicheka, mtu mzima kusafiri usiku kucha kwa ajili ya samaki watatu. Lakini ushauri ulikuwa wangu, na mtoto alikuwa ameufuata neno kwa neno.

Niliyojifunza huko ndiyo ninayotaka kuyaeleza leo, kwa sababu najua ndugu zetu wengi wa pwani wana matangi nyumbani, na wengi wana jamaa Meru, Embu, Nanyuki na Nyeri wanaowapigia simu kuwauliza.

Ugonjwa wenyewe unasababishwa na kimelea kidogo mno cha seli moja, chenye vinyweleo mwili mzima anavyoogelea navyo. Mfaransa mmoja aitwaye Fouquet ndiye aliyekieleza kitaalamu mwaka 1876, na jina lake la kisayansi ni Ichthyophthirius multifiliis. Ni refu, lakini lina maana: chawa wa samaki mwenye watoto wengi. Hilo neno la mwisho lishikeni, maana ndani yake ndimo lilimokuwa kosa langu. Kimelea hiki kipo karibu kila mahali duniani wanapofugwa samaki wa maji baridi, kwenye matangi ya sebuleni na kwenye mabwawa ya biashara. Hakiambukizi binadamu.

Tuanze na kukitambua. Doa lake ni jeupe, la mviringo, limeinuka kidogo, na halizidi ukubwa wa chembe ya chumvi. Mpwa wangu alisema kweli bila kujua. Lakini anayengoja madoa amechelewa. Kabla ya doa kuonekana, samaki hujikwaruza: utamwona anajipitisha ubavu kwenye jiwe au mchanga kwa ghafla, kama mtu mwenye upele. Kisha hubana mapezi mwilini, huacha kula, hujitenga pembeni. Mashavu yakishambuliwa, hupumua mbio na kukaa juu karibu na uso wa maji. Na hapa pana hatari ambayo wengi hawaijui: kimelea kinaweza kujaa mashavuni peke yake, samaki akafa kwa kukosa pumzi bila kuonyesha doa hata moja mwilini.

Si kila cheupe ni ugonjwa huu. Dume la samaki wa dhahabu likifika wakati wa kuzaa huota vipele vyeupe kwenye kifuniko cha shavu na kwenye ukingo wa mbele wa mapezi ya kifuani. Vimepangika vizuri, na samaki mwenyewe ni mzima, anakula na kukimbizana na majike. Nimepata kumwona mtu anawatia dawa madume yenye afya mpaka yakafa. Ukiona kitu kama pamba, hiyo ni kuvu. Ukiona vumbi laini la rangi ya dhahabu, unaloliona tu ukimulika tochi kwa ubavu, hicho ni kimelea kingine. Na samaki wote wakihema juu kwa mara moja bila doa, kwanza shuku maji yenyewe: hewa imepungua au uchafu umezidi.

Kwa Meru hatukubahatisha. Shemeji yangu anafundisha baiolojia shule ya sekondari, akaomba hadubini kwa siku moja. Tulichukua mmoja wa waliokufa asubuhi ile ile, tukakwangua ute kidogo wa ubavuni, tukauweka kwenye kipande cha kioo na tone la maji ya tangini. Wallahi nilistaajabu. Kiduara kikubwa cheusi-cheusi kikijizungusha polepole, na ndani yake kiini kilichopinda kama hilali, mwezi ule wa siku ya kwanza. Hiyo hilali ndiyo alama yake, hakuna kimelea kingine cha samaki wa tangini kinachofanana nacho. Mtoto alikitazama muda mrefu, kisha akauliza swali ambalo mimi katika miaka yangu yote ya kufuga sikuwahi kuuliza: "Sasa hiki kilikuwa wapi zile siku kumi na moja?"

Jibu ni hili. Kile cheupe unachokiona si kimelea kilichokaa juu ya ngozi. Kimeingia chini ya ngozi, na samaki amekifunika kwa ngozi yake mwenyewe. Humo hula na kunenepa. Dawa unayotia majini haikifikii, kama vile wewe huwezi kutibu funza aliye ndani ya kidole kwa kuosha soksi. Kikishiba, hupasua ngozi kikatoka na kuanguka chini. Hapo samaki huonekana amepona. Kule chini, kwenye changarawe, jani au kioo, hujizungushia kifuko kinachonata na kuanza kugawanyika: wawili, wanne, wanane, mpaka mamia, na kikubwa hufika elfu moja. Ndani ya kifuko hicho pia dawa haiingii. Kisha kifuko hupasuka na watoto hutoka wakiogelea kumtafuta samaki. Wana siku moja au mbili hivi za kumpata, wakimkosa wanakufa.

Hapo tu, katika siku hizo moja mbili za kuogelea, ndipo dawa yoyote, iwe chumvi au matone, inapoua. Madoa unayoyaona huyaui. Unawangojea wana wao.

Kwa hiyo madoa yakitoweka, maana yake si kwamba dawa imeshinda. Inaweza kuwa kinyume kabisa, kwamba vyote vimeshiba, vimeshuka chini, na kila kimoja kiko kazini kuzaa. Siku ile mpwa wangu alipopiga simu kwa furaha na mimi nikamwambia aache dawa, ndiyo siku aliyokuwa anaihitaji kuliko zote.

Mbona basi kwangu siku tatu zilitosha? Swali hili lilinisumbua njia nzima, na majibu niliyapata mawili, yote mawili ya kunishusha.

La kwanza ni joto. Mzunguko huo wote, kutoka doa hadi doa, unakwenda kwa mwendo wa joto la maji. Kwenye nyuzi 25 na kitu hivi huchukua siku tatu hadi sita. Ukishuka nyuzi 15 unaweza kufika siku kumi hadi wiki mbili, na chini zaidi ya hapo hupita mwezi. Maji ya tangi langu Mombasa hayashuki chini ya 26 mwaka mzima, na Machi hugonga 30. Siku zangu tatu, pamoja na mabaki ya dawa yaliyoendelea kukaa majini, zilikuwa zinakaribia kufunika mzunguko mzima. Meru mjini kuko mita elfu moja na mia tano hivi juu ya bahari, kwenye miteremko ya Mlima Kenya, na Julai ndiyo baridi yenyewe. Tulipotia kipimajoto tangini alfajiri kilisoma 16. Alasiri, kwa kuwa tangi liko dirishani, kilisoma 21. Siku tatu za dawa katika maji ya namna hiyo ni kama kufunga mlango saa moja jioni na kuufungua saa mbili, mwizi akiwa hata hajaamka.

Jibu la pili lilinichekesha kidogo. Maji ya tangi langu hutoka kisimani. Waliokulia mitaa ya kisiwani wanavijua visima vyetu, maji yake yana uchumvichumvi, chai haipiki vizuri. Miaka yote hiyo samaki wangu walikuwa wakiishi katika maji yenye chumvi kidogo, na chumvi ndiyo mojawapo ya tiba kongwe za ugonjwa huu. Nikijisifu kwa dawa, kumbe kisima ndicho kilichokuwa kikitibu. Maji ya bomba ya Meru yanatoka mlimani, matamu, laini, hayana chumvi ya kumsumbua mdudu yeyote.

Chumvi inafanyaje kazi? Kimelea hiki ni cha maji baridi na mwili wake ni seli moja tupu. Maji yakiwa na chumvi kuliko alivyozoea, yule mtoto anayeogelea anashindwa kulinda maji ya mwili wake, anasinyaa. Samaki ana ngozi, ute na figo, anastahimili. (Wenzetu wa Shimoni na Kilifi wanaokusanya samaki wa mapambo wa baharini wasinielewe vibaya: samaki wa bahari wana madoa meupe yao, lakini kimelea chake ni kingine, na hicho chumvi hakikijali.)

Sasa tulivyofanya. Tangi la mtoto lina urefu wa sentimita 60, upana 30 na kimo 30, yaani lita 54 likijaa pomoni, na ukiondoa changarawe na nafasi ya juu ni kama lita 45. Lengo letu lilikuwa gramu tatu za chumvi kwa kila lita, lakini si kwa mara moja. Siku ya kwanza tulitia gramu 45, siku ya pili 45, ya tatu 45, kila mara tukiiyeyusha kwanza kwenye jagi na kuimimina polepole mbali na samaki. Pimeni kwa mizani ya dukani, msipime kwa kijiko. Chumvi ya mawe na chumvi laini hazilingani kijikoni. Nilikuwa nimebeba chumvi ya mawe kutoka Gongoni, huko Magarini, kwa kuwa haijatiwa kitu. Hii ya mezani iliyotiwa madini ya joto inatumika pia pasipo nyingine, samaki hafi kwa sababu yake, ila mimi nikiwa na hiari huchukua ile ghafi.

Jambo moja huwaponza wengi: chumvi haifukuki. Maji yakipungua kwa mvuke, ongeza maji matupu. Ukichota lita kumi uzibadilishe, rudisha lita kumi zenye gramu 30. Anayetia chumvi kila anapoongeza maji, baada ya wiki mbili amepika mchuzi. Na mimea ya tangini wengi wao hawaipendi, itoeni. Kambare na jamaa zao wasio na magamba wapewe nusu ya kipimo hicho na waangaliwe.

Pamoja na chumvi, mpira. Kila siku mtoto alifyonza chini kwa mpira mwembamba, akipita juu ya changarawe kama anayefagia, akatoa karibu robo ya maji. Vile vifuko viko kule chini, na kila kimoja unachokitoa ni mamia ya watoto ambao hawatazaliwa. Kazi hii ni ya bure, na kwa maoni yangu ni nusu ya tiba. Lakini maji ya kurudisha yawe na joto lile lile la tangini. Hapo ndipo tulipogundua chanzo kingine. Mtoto alikuwa na mazoea ya kubadilisha maji asubuhi kabla ya shule, moja kwa moja kutoka bombani, na bomba la Meru alfajiri ya Julai ukinawa nalo kwa udhu mikono inakufa ganzi. Samaki aliyemwagiwa hayo kinga yake huanguka. Tukamwekea ndoo mbili ndani ya nyumba, zilale usiku mzima, baridi iondoke na klorini ipungue.

Kupasha maji je? Ukiwa na hita, ukipandisha joto polepole hadi nyuzi 30 na kulishikilia siku kumi, kimelea kwa kawaida hushindwa kuzaa. Ni njia nzuri kwa samaki wa asili ya joto, kama wale wadogo wenye mikia ya rangi wanaozaa watoto hai. Kwa samaki wa dhahabu sikuipenda, wao ni wa maji ya baridi, na maji moto hubeba hewa kidogo wakati mashavu yao tayari yameumia. Isitoshe umeme huko ulikuwa unakatika, na joto la kupanda na kushuka ni baya kuliko baridi iliyotulia. Tulichofanya ni kulitoa tangi dirishani, kulifunika blanketi usiku pande tatu, na kuwasha hita ndogo ishikilie nyuzi 22 tu. Hilo peke yake liliufupisha mzunguko, na tofauti ya mchana na usiku ikaisha. Pampu ya hewa haikuzimwa.

Kuhusu matone ya dukani, siyapingi. Mengi yamechanganywa formalini na ile rangi ya kijani, malachite green, na yanaua kweli yakitiwa kwa kipimo na kwa muda. Yarudiwe kila baada ya siku mbili tatu kwenye maji ya joto, na kila siku nne tano kwenye maji baridi, mpaka ipite wiki moja pwani au wiki mbili bara tangu doa la mwisho kuonekana. Ukiwa na makaa kwenye chujio, yatoe kwanza, la sivyo yanainywa dawa yote. Vaa glavu. Dawa hiyo haifai kabisa kwa samaki wa kuliwa, Umoja wa Ulaya umeipiga marufuku kwa samaki wa chakula kwa kuhofia saratani. Duka moja lilimuuzia dadangu vidonge vya antibayotiki vya kuku kwa ajili ya madoa haya. Antibayotiki ni ya bakteria, kimelea hiki si bakteria. Pesa zilipotea, na nadhani bakteria wema wa kwenye chujio wakapotea nazo.

Tulihesabu wiki tatu. Siku ya kumi na nne hakukuwa na doa, na mtoto akaniuliza kwa simu, mimi nimesharudi, kama aache. Nikamwambia endelea. Kati ya wale watatu mmoja alikufa siku ya pili, alikuwa ameshachoka sana. Wawili wapo mpaka leo. Samaki aliyepona huwa amejenga kinga fulani dhidi ya kimelea hiki, lakini anaweza kukibeba kidogo bila kuonyesha, akawapa wageni watakaokuja.

Ndiyo maana mgeni ni wa karantini. Samaki mpya, hata akiwa mzuri kama malaika, akae beseni la peke yake wiki tatu, na wavu wake, na ndoo yake. Maji ya mfuko aliokuja nao yamwageni, yasiingie tangini. Mimea mipya nayo ikae mbali siku kadhaa. Wavu ukaushwe juani kabisa kila ukitumika, mdudu huyu hawezi ukavu. Katika kisa chetu wale wanne wa Nairobi wangekaa beseni, wale wanane wasingeguswa.

Wakati wa kurudi niliteremka Embu kumwona rafiki wa zamani, mtu wa kwetu aliyehamia huko, ana bwawa la samaki karibu na mto Rupingazi. Ni mojawapo ya yale yaliyochimbwa katika mpango wa serikali wa kuchochea uchumi ulioanza mwaka 2009, mabwawa 200 kwa kila jimbo katika majimbo 140. Mengi yameota nyasi siku hizi. Yeye aliendelea. Nilipomsimulia habari za tangi akanyamaza, kisha akasema vifaranga wake wa ngege aliowaingiza mwezi Juni walikufa kwa mamia wakijikwaruza kwenye majani, akadhani ni njaa.

Nikataka kumwambia chumvi. Tukapiga hesabu pale pale kando ya bwawa. Bwawa lake ni mita 300 za mraba, kina mita moja, yaani lita 300,000. Kwa gramu mbili tu kwa lita ni kilo 600, magunia kumi na mawili ya kilo hamsini. Na baadaye maji hayo yote ya chumvi yanakwenda shambani kwa jirani au mtoni. Kwa bwawa, basi, tiba ya tangini haipo. Kinachowezekana ni kabla: vifaranga wawekwe kwanza kwenye tangi la plastiki la lita mia tano au elfu, hapo chumvi ni kilo moja mbili, waangaliwe wiki mbili tatu, ndipo waingie bwawani. Wasiingizwe katikati ya baridi, maana ngege chini ya nyuzi 20 huwa mnyonge, hali vizuri wala hakui, na kinga yake iko chini. Wasisongamane. Waliokufa watolewe kila siku, wasiachwe waoze. Na bwawa likishapatwa, baada ya kuvua likaushwe hadi udongo upasuke, litiwe chokaa kabla ya kujazwa. Ukihitaji dawa ya bwawa, muite afisa wa uvuvi wa kaunti, na kuna watafiti wa KMFRI pale Sagana, si mbali na Embu. Hesabu ya dawa za bwawa hutegemea ugumu wa maji, haifanywi kwa simu na mtu kama mimi.

Aliniuliza kama wale waliobaki wanaliwa. Nikamwambia wanaliwa, wakipikwa, madhali hawajatiwa dawa ya kemikali.

Hapo ndipo nilipokumbuka kitu, nikampigia mtoto Meru kutoka kituo cha magari. Yale maji anayofyonza kila siku, anayamwaga wapi? Akasema mtaroni, nyuma ya nyumba, na mtaro unateremkia mto Kathita. Chini huko kuna watu wenye mabwawa yanayojazwa na mifereji ya mto. Tangu siku hiyo anayamwaga kwenye shimo mbali na mtaro, udongo uyanywe, yakauke. Samaki wake akimchoka pia asimtupe mtoni kwa huruma, kama wafanyavyo wengi. Ampe mtu.

Tumefundishwa utotoni habari ya yule mwanamke aliyeingia motoni kwa sababu ya paka aliyemfungia, hakumlisha wala hakumwacha ajitafutie. Mimi huona samaki wa tangini ni mfungwa kuliko paka yule. Mtoni, kimelea kikizaa watoto elfu, wengi hawampati samaki hata mmoja, maji yanakwenda na samaki anakwenda. Tangini wote elfu wanampata yule yule, na hana mlango wa kutokea.

Mpwa wangu sasa ana daftari. Kila alfajiri akitoka kuswali anaandika joto la maji, na kila Jumapili ananisomea kwa simu. Mimi nami nilinunua kipimajoto changu, nikakibandika kiooni Mombasa. Mwezi uliopita tulipata maji ya bomba nyumbani na tangi nikalijaza hayo badala ya kisima. Jana niliona samaki mmoja akijikwaruza kwenye jiwe. Sijaona doa bado, lakini beseni, mpira na chumvi nimeshavitoa stoo.